Kupumzika Karibu na Nyumbani



Liko swali ambalo katika miaka yangu ya kufundisha nimelisikia likiulizwa mara nyingi, na aghalabu kwa kicheko: je, mtu wa kawaida wa hapa Bariadi, awe mkulima wa pamba, au karani, au mwalimu, ana haki ya kwenda likizo? Simaanishi likizo ya kwenda kuzika, wala ya kwenda kusimamia mafundi wa nyumba, wala ile ya kuacha chaki darasani ili kushika jembe shambani. Nasema likizo ya kupumzika hasa: kutoka nyumbani pamoja na watoto, kwenda mahali penye miti na upepo, kukaa, kutazama, kula chakula mlichofungasha, kisha kurudi. Wengi hujibu kwamba hayo ni mambo ya Wazungu. Wengine husema ni ya matajiri. Na wako wanaosema kuwa ni uvivu tu uliovishwa nguo nzuri. Hili la mwisho ndilo zito kuliko yote, maana mtu anaweza kustahimili kuitwa maskini, lakini kuitwa mvivu mbele ya watoto wake ni jambo jingine.

Katika nchi ya Wasukuma kazi ni sifa. Mtu husifiwa kwa jembe lake na kwa mifugo yake, na kijana anayeamka jua likiwa juu hapati mchumba kwa urahisi. Sina ugomvi na jambo hilo. Lakini tuwatazame wazee wetu wenyewe walivyofanya. Mavuno yalipokwisha jembe liliwekwa kando, na hapo ndipo ngoma zilipoanza. Bagika na Bagalu walishindana mbele ya watu, siku moja, siku mbili, hata zaidi, kila upande na manju wake, na aliyevuta watu wengi ndiye aliyeshinda. Watu walitoka vijiji vya mbali kwa miguu kuja kutazama. Hakuna mzee aliyesema kwamba ule ulikuwa uvivu. Ulihesabiwa kuwa sehemu ya mwaka, kama vile kupanda na kupalilia vilivyo sehemu ya mwaka.

Sisi tunaosoma gazeti hili tunayo pia amri ya Sabato, na yafaa kuisoma yote bila kuishia katikati. Katika kitabu cha Kutoka, na tena katika Kumbukumbu la Torati, amri ile haimtaji bwana wa nyumba peke yake. Imemtaja mtumwa na mjakazi, imemtaja ng'ombe na punda, imemtaja na mgeni aliyemo malangoni. Na ukifika Mambo ya Walawi, sura ya 25, utakuta hata ardhi yenyewe imepewa mwaka wake wa saba ili ipumzike. Basi kupumzika hakukuachiwa wenye nafasi. Kumewekwa kuwa haki ya wale hasa wasioweza kujipatia wenyewe.

Nami kila nikisoma sura ile huwaza habari ya ngitili. Vijana wa mjini huenda hawalijui neno hili, kwa hiyo nitaeleza. Ngitili ni kipande cha malisho ambacho Wasukuma hukifunga mvua zinapoanza, mifugo isiingie, nyasi na miti ikapata kuota, hata kiangazi kikaja na mahali pengine pote pakawa vumbi. Hapo ndipo hufunguliwa. Katika miaka ya zamani misitu mingi ilifyekwa kwa ajili ya kuwafukuza mbung'o, kisha kwa ajili ya pamba, na watu walipohamishiwa vijijini katika miaka ya 1970 ngitili nyingi ziliachwa bila mwenyewe. Nchi ikawa kipara. Mwaka 1986 serikali ilianzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, yaani HASHI, wakati ambapo Bariadi, Maswa na Meatu zilikuwa bado katika mkoa wa Shinyanga. Mradi haukuja na uganga mpya. Ulichofanya zaidi ni kuwarudisha watu kwenye ngitili zao. Katika muda wa miaka kumi na kitu zaidi ya hekta 300,000 zilirudi kuwa na miti na nyasi, na mwaka 2002 kazi hiyo ilipewa Tuzo ya Ikweta ya Shirika la Maendeleo la Umoja wa Mataifa. Sehemu kubwa ya miti ile haikupandwa na mtu. Ilichipua yenyewe katika mashina na mizizi iliyokuwamo ardhini, kwa sababu iliachwa.

Sasa nauliza: kama tunakubali kwamba ardhi iliyoachwa ipumzike haiwi ardhi mvivu, na kwamba ng'ombe wa kulimia akifunguliwa nira haonekani kuwa ng'ombe mwovu, kwa nini mama wa nyumba au mwalimu wa shule ya msingi akikaa chini ya mkwaju siku moja tuanze kumtilia shaka?

Sheria ya kazi ya mwaka 2004 inampa mwajiriwa likizo ya mwaka isiyopungua siku 28 mfululizo. Mkulima hana sheria ya namna hiyo. Yeye ni mwajiri na mwajiriwa ndani ya ngozi moja, na mwajiri wake ni mkali. Lakini hata hao wenye siku zao 28, hebu tutazame zinakwenda wapi. Mtumishi aliyepangiwa kazi hapa, akiwa mzaliwa wa Mbeya au Tanga, hutumia siku zake za kwanza kutafuta nauli, siku nyingine njiani, nyingine kuwazungukia ndugu mmoja baada ya mwingine na zawadi mkononi, na za mwisho njiani tena. Sisemi asiende kwao. Kuwaona wazazi ni wajibu, na mzee aliyekufa hajamwona mwanawe miaka mitano hawezi kurudishwa. Nasema tu kwamba safari hiyo isiitwe mapumziko, maana mtu hurudi amechoka kuliko alivyoondoka, naye ana deni. Na kuna wengine wasio na wazazi wa kwenda kuwaona, ila hukopa fedha za riba kusudi waonekane wamefika Dar es Salaam, kilomita zaidi ya 1,000 kutoka hapa, wapige picha baharini. Nimewajua walimu waliolipa picha za namna hiyo mwaka mzima. Mishahara yao ilikatwa mpaka likizo iliyofuata ikawakuta bado wanalipia ile iliyopita.

Wazee walituachia methali mbili juu ya kutembea, nazo hazipatani. Moja yasema mtembea bure si sawa na mkaa bure. Nyingine yasema mtembezi hula miguu yake. Wanafunzi wangu walipenda kuniuliza ipi ni ya kweli, nami niliwajibu kwamba inategemea mtu ametembea umbali gani na nani amelipa.

Chuoni, tulipokuwa tukijifunza ualimu, kanuni moja ilirudiwa hata tukaichoka: mfundishe mtoto kutoka kilicho karibu kwenda kilicho mbali, na kutoka anachokijua kwenda asichokijua. Jiografia ianze uani kwa shule. Ni kanuni nzuri, nayo ndiyo inayovunjwa kuliko zote. Mtoto wa hapa anaweza kukuandikia katika mtihani majina ya mito ya Ulaya, lakini hajui kwamba mto Simiyu, anaouvuka kwa miguu wakati wa kiangazi, unaishia katika Ziwa Viktoria, na kwamba Stanley alipofika ziwani mwaka 1875 aliuhesabu mto huu kuwa mwanzo wa mbali kabisa wa Nile upande wa kusini. Baadaye wataalamu walitoa heshima hiyo kwa Kagera na vijito vyake. Hata hivyo maji ya Simiyu yanaingia katika ziwa ambalo Nile inatoka, na mtoto anayechota hapa angefurahi kulijua jambo hilo.

Nikiwa mwalimu wa darasa la sita niliwahi kuwachukua watoto kwa matembezi ya asubuhi moja, kutoka kilimani mpaka mbugani, mwendo usiozidi saa mbili. Katika mteremko huo udongo hubadilika mara kadhaa. Juu kwenye mawe kuna mchanga mwepesi, chini yake luseni ambayo hupandwa mihogo na karanga, kisha itogolo ngumu kama saruji, halafu mbuga yenyewe, nyeusi, inayopasuka nyufa wakati wa jua na kunasa matairi wakati wa mvua. Aliyetutajia majina hayo yote, na kutuonyesha kwa kidole mahali mmoja ulipokoma na mwingine ulipoanza, alikuwa mvulana aliyeshika mkia darasani. Alikuwa mchunga ng'ombe. Siku ile wenzake walimfuata nyuma kama mwalimu, na mwenendo wake shuleni ulibadilika tangu hapo, ijapokuwa hesabu hazikumwendea vizuri hata mwisho. Mwaka 1935 mtaalamu wa udongo aliyekuwa Amani, Geoffrey Milne, alipendekeza kwa wenzake neno la kitaalamu kwa ajili ya mpangilio wa namna hiyo wa udongo kutoka juu ya mteremko hadi chini, na leo neno lake hufundishwa katika vyuo vikuu vya dunia nzima. Wasukuma walikuwa na majina yao kabla hajaja.

Nimesimulia hayo kwa sababu yanaonyesha faida moja ambayo safari ya mbali haitoi. Huko mbali wewe ni mgeni. Unatazama, unashangaa, unaondoka, wala huna la kumfundisha mtu. Ukitembea karibu na nyumbani, mdogo humfundisha mkubwa, mchungaji wa ng'ombe humfundisha karani, na bibi asiyejua kusoma hujikuta ndiye kitabu, maana ndiye anayejua mti upi hutibu tumbo na kisima kipi hakikukauka mwaka wa njaa. Isitoshe, unaweza kurudi tena. Unaona mahali pale pale wakati wa masika na wakati wa kiangazi, ukiwa na mtoto mgongoni, kisha ukiwa na mtoto huyo huyo akikupita kwa mbio. Na mlemavu na mzee wanaweza kwenda nawe, jambo ambalo katika safari za mbali ndilo la kwanza kuachwa.

Nije sasa kwa wale wanaosema kuwa ni mambo ya Wazungu. Mwaka 1951 mambo mawili yalitokea ambayo yafaa kuwekwa pamoja. Hapa kwetu, chini ya serikali ya kikoloni, Serengeti ilifanywa kuwa hifadhi ya taifa. Kule Uingereza, mwaka huo huo, ilitangazwa hifadhi yao ya taifa ya kwanza, katika nchi ya vilima inayoitwa Peak District, katikati ya miji ya viwanda ya Manchester na Sheffield. Vilima vile vilikuwa vimefungwa na wenye mali kwa ajili ya kuwinda ndege. Mwaka 1932 mamia ya vijana, wengi wao wafanyakazi wa viwandani, walipanda kwa makusudi kilima cha Kinder Scout bila ruhusa, na watano kati yao walifungwa gerezani. Hawakuwa matajiri. Walikuwa watu wa moshi na mashine, wasio na nauli ya kwenda mbali, waliotaka Jumapili moja ya hewa safi karibu na kwao. Hifadhi ile ilipotangazwa watu waliokaa ndani yake hawakuondolewa, na watu wa mijini walifunguliwa njia za kupita kwa miguu.

Huku kwetu mambo yalikwenda kinyume. Hifadhi ilipochorwa upya mwaka 1959 Wamasai waliokaa katika nyanda zile walihamishiwa Ngorongoro, na watu wa upande wetu wa magharibi, waliokuwa wakiwinda na kukata kuni huko, wakaambiwa kwamba sasa ni wezi. Kwa hiyo sishangai mtu akisema Serengeti ni ya Wazungu. Ndivyo ilivyoletwa. Mwalimu Nyerere mwenyewe anakumbukwa kwa kusema, wakati wa kupata Uhuru, kwamba hakuwa mtu wa kupenda kutumia likizo yake kutazama mamba, ingawa aliona wazi kwamba wanyama hawa ni mali ya nchi na ni lazima walindwe. Na katika Septemba ya 1961, pale Arusha, aliahidi kwa niaba ya taifa changa kwamba watalindwa. Ahadi hiyo imetimizwa kwa kiasi kikubwa. Serengeti leo ina kilomita za mraba 14,763, na nyumbu zaidi ya milioni moja huizunguka kila mwaka. Mwezi wa Mei na Juni makundi hupita upande wetu wa magharibi, penye mto Grumeti. Lakini nusu moja ya neno haikusemwa wakati ule, kwamba anayelinda naye aone. Profesa Grzimek wa Frankfurt alikuja na ndege ndogo kuwahesabu wanyama hawa, akampoteza mwanawe Michael katika ajali ya ndege hiyo mwezi Januari 1959. Mtu alimzika mwanawe kwa ajili ya mahali ambapo wengi wetu, tulio jirani wa karibu kabisa, hatujapaona.

Hapa ndipo napaswa kumjibu mama mmoja wa kijiji kilicho kando ya Pori la Akiba la Maswa. Aliniambia, "Mwalimu, shikamoo, lakini usinifundishe kwenda kumtazama tembo. Tembo ndiye anayekuja kunitazama mimi." Usiku tembo wawili walikuwa wameingia katika mtama wake. Watu walipiga madebe na kuwasha mienge mpaka alfajiri, na kulipokucha palibaki mabua yaliyokanyagwa. Mambo ya namna hii hutokea katika Meatu, Itilima, Busega na hapa Bariadi, na mara nyingine hupotea zaidi ya mtama. Ziko kanuni za mwaka 2011 zinazoagiza kifuta jasho kwa mazao na kifuta machozi kwa anayeuawa au kujeruhiwa. Majina yenyewe yanaeleza: ni cha kufuta, si cha kulipa.

Siwezi kumwambia mama yule ampende tembo. Mtu aliyeliwa chakula cha watoto hana deni la kushangilia. Na kama kiongozi anakuja kijijini kuhubiri utalii wa ndani kabla hajauliza habari za mtama, namwona amekosa adabu. Lakini nimelifikiri neno la mama yule kwa muda mrefu, nami naona kuna jambo ndani yake ambalo linakwenda upande wa pili. Yeye analipia hifadhi ile kuliko mtalii yeyote. Mtalii hulipa dola langoni. Yeye hulipa kwa magunia, na kwa usingizi, na kwa hofu kila mtoto anapochelewa kurudi kutoka malishoni. Ikiwa yuko mtu duniani mwenye haki ya kukaa kwenye gari siku moja, mchana, akiwa salama, akaona alicholipia, ni yeye na watoto wake. Hivi sasa wanaijua Serengeti kwa giza tu, kwa sauti ya madebe. Mtoto aliyekua hivyo, akija kijana mwingine kumshawishi kwa waya na mishale yenye sumu, ana sababu gani ya kukataa? Simtetei jangili. Nauliza tu ni lini tulimwonyesha upande wa pili. Mwananchi hulipa langoni shilingi elfu kadhaa tu, na mgeni wa nje hulipa makumi ya dola. Kwa hiyo kizuizi si kiingilio. Kizuizi ni gari, maana kwa kawaida huko ndani hapatembelewi kwa miguu wala kwa baiskeli. Halmashauri na shule na makanisa yana mabasi. Basi lililobeba kwaya kwenda mkutanoni mwezi uliopita linaweza pia kubeba watoto wa vijiji vya mpakani kwenda Ndabaka na kurudi jioni ile ile.

Kuna jambo jingine ambalo sisi wanaume hatupendi liandikwe. Nimeziona siku za mapumziko za jamaa kadha wa kadha, na nimeona baba amelala kwenye mkeka, watoto wanakimbia, na mama yuko kando ameinama juu ya mafiga matatu, moshi machoni, akipika ugali ule ule aliopika jana, isipokuwa leo amebeba sufuria na kuni na maji kwa kichwa ili akapikie mbali. Binti wa kazi aliachwa nyumbani kufua. Mvulana wa kuchunga hakuulizwa kabisa, kwa kuwa ng'ombe hawana Jumapili. Siku ya namna hiyo imempumzisha mtu mmoja, naye ndiye aliyekuwa hajachoka sana. Narudi kwa ile amri iliyomtaja mjakazi: imeandikwa kwa ajili ya binti huyu, wala hakuna namna nyingine ya kuisoma.

Dawa yake si ngumu. Wasukuma tuna michembe na matobolwa, viazi vilivyokaushwa ambavyo vilitengenezwa tangu zamani kwa ajili ya mtu asiye na nafasi ya kupika. Matobolwa yamekwisha kuchemshwa. Hutafunwa hivyo hivyo. Ongeza karanga za kukaanga, maziwa ya mgando katika kibuyu, na maji ya kunywa, chakula kimetimia, wala hakuna atakayeinama juu ya moto. Na ng'ombe wanaweza kuchungwa kwa zamu kati ya nyumba mbili au tatu za jirani, kama tunavyosaidiana kulima, ili kila mvulana apate siku yake.

Nani basi aende, na wapi? Sitaandika orodha ndefu, kila kijiji kina mahali pake. Wa mjini Bariadi wana vilima na majabali ambayo watoto wao huyaona kila siku kwa mbali. Wenye ngitili ya jamaa waende humo mwezi wa Februari au Machi, wakati nyasi zimefika kiunoni, wasikilize ndege. Miezi hiyo huonekana pia korongo weupe katika mashamba, makundi makubwa, wakila viwavijeshi. Hao wanatoka Ulaya. Wameruka bara zima kuja kupata riziki katika mashamba yetu, na mwezi wa Aprili wamekwisha kwenda zao. Kuna mtu wa makamo aliyenisikia nikisema hivyo akacheka, akaniambia kwamba miaka yote alidhani ni ndege wa Magu. Gamboshi nako, ambako jina lake kwa habari za uchawi limefika nchi nzima, mwenye kwenda mchana atakuta watu wanalima kama kwingine, na watoto wa shule wakirudi nyumbani na madaftari. Hofu nyingi za karibu huisha kwa kutembea.

Juu ya wakati, likizo ya mwezi wa Juni haifai sana kwa jamaa za wakulima, maana pamba ndiyo kwanza inachumwa na kila mkono unahitajika. Likizo fupi ya mwezi wa Tisa ni afadhali. Pamba imekwisha kuuzwa, mvua hazijaanza, njia ni kavu, na fedha kidogo ingali ndani kabla haijaingia katika mbegu na sare za shule. Kutoka Bariadi hadi Lamadi ni kilomita kama 70 za lami. Wanaokwenda huko watapata samaki wabichi na upepo wa ziwa, lakini watoto wasiachwe kuoga wala kucheza majini kwenye majani ya ufukoni, kwa sababu ya kichocho na mamba. Lango la Ndabaka la kuingilia Serengeti liko karibu na hapo, na wanaotaka kuingia na kundi la watoto waulize mapema juu ya viingilio na utaratibu wa magari. Wanaobaki kwenye misitu na mapori ya akiba wakumbuke kuwa huko huingiwi bila ruhusa, na kwamba mwezi wa Tisa nyasi zimekauka kama karatasi, kwa hiyo wavuta sigara wakavutie barabarani. Mabaki ya chakula na mifuko virudishwe nyumbani katika kikapu kile kile kilichovileta.